Kibuyu cha Ndoto: Namna ya Kubuni Chombo cha Kunasa na Kutunza Ndoto katika Hadithi ya Kifantasia

Chombo cha kunasa ndoto ni rahisi kukifikiria na kigumu kukiendesha. Mwandishi anatuambia mchawi ana rafu nzima ya chupa zilizojaa ndoto za watu, msomaji anavutika, kisha kufikia sura ya nne maswali yanaanza. Aliyenaswa ndoto aliamka akiwa na nini kichwani? Chupa ikivunjika je? Na kwa nini shujaa asinase ndoto ya adui usiku wa kwanza, akajua mipango yake yote, hadithi ikaishia hapo?

Mwongozo huu unatengeneza chombo kimoja, kibuyu, tangu kinapokuwa tunda shambani hadi kinapoanza kuvuja. Ukipendelea chungu, kioo au ushanga, badilisha umbo tu. Kazi ya kupanga kanuni ni ileile.

Hatua ya 1: Tenganisha kunasa, kutunza na kutoa

Hizi ni kazi tatu, na waandishi wengi huzifunga pamoja kwenye neno moja, "kichawi". Ukitazama imani za kweli za watu mbalimbali utaona karibu zote zinashughulika na kazi moja. Waojibwe wa Amerika Kaskazini hutundika kitanzi chenye utando wa nyuzi juu ya ubao wa kubebea mtoto mchanga. Frances Densmore, aliyeandika kuhusu desturi zao mwaka 1929, alieleza vitanzi vya mti vya inchi tatu na nusu hivi, yaani kama sentimita 9, ambavyo utando wake hunasa madhara yaliyo hewani. Kile ni kichujio. Hakuna anayekwenda baadaye kuchukua kilichonaswa akakitumia. Wamisri wa kale walichonga sura ya mungu wao Bes kwenye mito yao ya mbao na mawe ili amlinde aliyelala: hao walikuwa wanafukuza. Wajapani wana baku, mnyama anayekula ndoto mbaya, naye anameza moja kwa moja.

Kutunza, basi, ni sehemu utakayolazimika kuibuni mwenyewe, na ndipo kanuni zako zinapohitaji uzito. Na tuseme hili mapema: usichukue kitanzi cha Waojibwe na manyoya yake ukakipachika kwenye ufalme wako wa kubuni. Ni kitu cha watu walio hai na wenye desturi zao, na isitoshe kimeshatundikwa kwenye vioo vya magari dunia nzima hadi hakimshtui msomaji.

Andika sentensi tatu, moja kwa kila kazi. Za kibuyu chetu ni hizi. Kinanasa pale mdomo wake unapokuwa ndani ya shubiri moja kutoka puani mwa mtu anayeota. Kinatunza kwa sababu kuta zake za ndani zimesuguliwa mkaa wa mti maalumu. Kinatoa kwa mtu mmoja tu, anayevuta pumzi mdomoni mwake kisha akalala; aliye macho hapati kitu zaidi ya harufu. Kila neno katika sentensi hizo litakuja kukubana baadaye, na hilo ndilo tunalolitaka.

Hatua ya 2: Jua unachowinda

Usingizi una mpangilio unaojulikana, nao unakupa kanuni za bure ambazo msomaji atazihisi ni za kweli hata asipojua zimetoka wapi. Mwaka 1953 Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman wa Chuo Kikuu cha Chicago walieleza kipindi cha usingizi ambacho macho huchezacheza kwa kasi chini ya kope. Wataalamu wanakiita usingizi wa REM. Ndoto huja katika vipindi vingine pia, ila zilizo wazi na zenye visa virefu huja zaidi hapo.

Mzunguko mmoja wa usingizi huchukua kama dakika 90. Mtu mzima aliyelala saa nne usiku akaamka saa kumi na moja na nusu alfajiri atapitia mizunguko mitano hivi. Kipindi cha kwanza cha macho kuchezacheza ni kifupi, kama dakika 10 au pungufu. Kila kinachofuata huelekea kurefuka, na cha mwisho kinaweza kufika nusu saa au kupita. Jumla yake kwa mtu mzima ni kama robo ya usingizi wote, au pungufu kidogo.

Kwa mwandishi, maana yake ni hii: mnasaji anayeingia chumbani saa tano usiku ni mwanagenzi. Fundi anakuja saa kumi, wakati walinzi wamechoka na jogoo wako karibu kuwika. Tayari una mvutano, kwa kuwa saa yenye ndoto nono ndiyo saa yenye hatari ya kukamatwa.

Kuna mambo mengine ya kutumia. Wakati huo pumzi hupoteza mpangilio wake na misuli mikubwa ya mwili hulegea kabisa, kwa hiyo mwotaji hawezi kukurupuka. Akizinduka kabla misuli haijarudi, anajikuta macho yamefunguka na mwili haujibu, jambo ambalo watu wengi huliita kukabwa na jinamizi. Mnasaji mzembe anaweza kusababisha hilo hasa, na mwotaji akaikumbuka sura iliyomwinamia. Mtoto mchanga hutumia kama nusu ya usingizi wake katika hali hii, hivyo katika ulimwengu wenye biashara ya ndoto, watoto watakuwa hatarini kuliko wote. Mlevi hupungukiwa na ndoto nusu ya kwanza ya usiku. Na mtu aliyezaliwa kipofu huota sauti, harufu, mguso na mwendo, bila picha. Hebu fikiria mwizi aliyenunua ndoto ya namna hiyo akitaraji kuona njia ya kuingia hazina.

Hatua ya 3: Tengeneza chombo kwa mikono kabla ya kukitia uchawi

Hapa usikimbie. Chombo kinachoaminika ni kile ambacho msomaji anajua kimetengenezwaje, na kibuyu kina utaratibu wake halisi usiohitaji kubuniwa.

Tunda huachwa kwenye mmea hadi kikonyo kikauke. Likichumwa likiwa bichi litasinyaa na kuoza badala ya kuwa gumu. Huwekwa mahali penye kivuli na hewa, likigeuzwa mara kwa mara, kwa wiki kadhaa au hata miezi kutegemea ukubwa wake na unene wa ganda. Ukilitikisa ukasikia mbegu zinagonga, limekuwa tayari. Hukatwa juu ya shingo, kipande kilichokatwa kikawa mfuniko, na ndani hutiwa maji yakae siku kadhaa ili nyama iliyokaukia ukutani ilegee. Kisha hukwanguliwa kwa kijiti kirefu. Pembe ambazo kijiti hakifiki hutiwa changarawe na maji, kikatikiswa hadi changarawe zikwangue zenyewe. Maji humwagwa, hutiwa mengine, tena na tena, mpaka uchungu uishe. Ukionja ukakuta ukali ulimini, hakijaiva.

Kutunza tumekuazima kwa wafugaji. Wakalenjin wa Kenya hutengeneza mursik, maziwa ya kugandisha, katika kibuyu ambacho ndani yake husuguliwa kaa la kijiti kilichochomwa, mara nyingi cha mti wanaouita senetwet. Kaa hupondwa na kusambazwa ukutani hadi pawe na rangi ya kijivu nzito, ndipo maziwa yatiwe. Kaa hilo huyapa maziwa ladha na rangi yake, na kusaidia yasiharibike.

Kibuyu cha ndoto kinafuata njia hiyohiyo, na uchawi unaingia mahali pamoja tu, kwenye mti unaochomwa. Amua unatoka wapi na kwa nini ni adimu. Katika mfano wetu ni kijiti cha kitanda ambacho mtu amezaliwa juu yake na mwingine amefia juu yake. Vitanda vya namna hiyo havipatikani dukani, familia hazitaki kuviuza, na kijiti cha urefu wa shubiri moja kinatosha vibuyu viwili. Umeshapata sababu ya ugomvi bila kuandika hata vita moja.

Jihadhari na kishawishi cha kuongeza. Mkaa, halafu damu, halafu nyota fulani, halafu maneno saba ya lugha iliyokufa: kadiri viungo vinavyozidi ndivyo msomaji anavyoacha kuviamini. Kimoja cha ajabu, vingine vyote vya sokoni.

Hatua ya 4: Weka vipimo

Lugha yetu ina vipimo vya ujazo vilivyozoeleka kwenye nafaka, na vinafaa kuliko kubuni jina geni: vibaba viwili ni kisaga, visaga viwili ni pishi. Tumia hivyo. Ndoto ya kwanza ya usiku inatoa robo kibaba. Ndoto ya alfajiri inatoa kibaba kizima. Kibuyu cha kawaida kinachukua pishi moja, yaani ndoto nne za alfajiri na si zaidi. Ndoto ina uzito: kibaba cha ndoto ni kizito kama kibaba cha mchele, isipokuwa jinamizi, ambalo kwa ujazo uleule huwa zito maradufu.

Uzito una faida mbili. Mhusika anaweza kujua kilichomo kabla ya kufungua, na mwizi hawezi kuondoka na ndoto za mji mzima mfukoni. Anayetaka vibuyu 40 atahitaji punda, na punda hapiti dirishani.

Weka pia muda. Ndoto nyingi husahaulika dakika chache tu baada ya mtu kuamka, hivyo kanuni yetu ni kwamba kizibo kifungwe kabla mwotaji hajageuka ubavu. Akigeuka, kilichobaki ni vipande. Kibuyu kilichozibwa vizuri kinatunza mwaka mmoja, mvua hadi mvua. Usiseme "milele". Kinachodumu milele hakimharakishi mtu.

Hatua ya 5: Amua nani analipa

Mwaka 1960 mtafiti William Dement wa Marekani alichapisha matokeo ya jaribio ambalo watu waliamshwa kila walipoanza kipindi cha macho kuchezacheza. Usiku hadi usiku, mwili ulijaribu kuingia kwenye kipindi hicho mara nyingi zaidi, na walipoachwa walale kwa amani, waliota kwa muda mrefu kuliko kawaida yao, kana kwamba wanalipwa deni.

Chukua kanuni hiyo uipeleke mbele. Anayenaswa ndoto usiku mmoja huamka salama, akiwa na uchovu kidogo na ladha ya majivu mdomoni. Usiku wa pili ndoto yake inakuja mapema na kwa nguvu. Usiku wa tatu inajaza kibaba na nusu. Mnasaji mwenye tamaa atamrudia mtu yuleyule kwa kuwa mavuno yanaongezeka, hadi usiku ambao ndoto inazidi ujazo wa kibuyu. Ziada yake inaenda wapi? Sisi tungeimwagia chumbani, juu ya mnasaji aliye macho. Hilo ni janga linalotokana na kanuni yenyewe, na msomaji makini atalitabiri kurasa mbili kabla, jambo ambalo ni zuri kuliko kumshtukiza.

Anayepokea naye alipe. Akivuta ndoto ya mwingine, yake ya usiku ule haiji. Akizoea, anaanza kusahau anavyoota mwenyewe. Waraibu wa ndoto za watu utawapata bila kuwatafuta.

Hatua ya 6: Pangilia namna kinavyoharibika

Chombo kisichoharibika ni rungu la kumalizia hadithi. Kibuyu chetu kina maradhi matatu.

Kuvuja ndiko kwa kawaida zaidi. Kibuyu kikianguka hupata ufa, na ufa wa kibuyu hushonwa: vitundu vidogo hutobolewa pande zote mbili, uzi mgumu ukapitishwa. Kwa maziwa hiyo inatosha. Kwa ndoto, mshono unazuia picha na kupitisha sauti. Dalili yake ni watu wa nyumba nzima kuamka wakiwa na wimbo mmoja ambao hakuna aliyefundishwa. Mhusika mpelelezi anaweza kufuata wimbo huo mtaa kwa mtaa hadi mlangoni penye kibuyu kilichofichwa.

Kuchacha hutokea pale mkaa ulipokosea. Ama ulisambazwa vibaya, ama kibuyu hakikukauka na kuvu ikaingia, ama mwaka umepita. Ndoto iliyochacha haipotei. Watu waliomo hubaki, ila nia zao zinageuka: mama aliyekuwa anamwita mtoto aje kula anaendelea kumwita kwa sauti ileile, na mtoto hatakiwi kwenda. Kabla ya kuvuta, fundi ananusa. Ndoto nzima ina harufu ya moshi mwepesi na kitu kimoja kutoka kwa mwotaji, sabuni yake au baharini kwao. Iliyochacha ina harufu tamu kupita kiasi. Uzito wake hauzidi wala haupungui, kwa hiyo mizani haikusaidii.

Kuchanganyika ni tatizo la mabahili. Ndoto za watu wawili kwenye kibuyu kimoja hazitengani tena. Mtu mmoja huyohuyo unaweza kumtilia nne, nazo zitajipanga kwa zamu. Za watu wawili zinazaa ya tatu ambayo hakuna aliyeiota, na mpokeaji ataamka akikumbuka maisha ya mtu asiyekuwepo. Ukiwa na nafasi ya riwaya moja tu, ijenge juu ya kosa hili, maana lina utajiri kuliko mengine yote.

Hatua ya 7: Kiandike kikifanya kazi

Kanuni zote hizi zisionekane kama kanuni. Linganisha. Kwanza, namna isiyofaa:

Bibi alifungua kibuyu chake cha kichawi, na nguvu za ajabu zikaivuta ndoto ya mfalme ndani yake.

Sasa hivi:

Bibi alilamba kidole akakiweka chini ya pua ya mfalme. Pumzi mbili fupi, kimya, moja ndefu. "Bado," alinong'ona. "Tazama kope, mjukuu wangu." Kope zilikuwa zimetulia. Kisha kitu kikakimbia chini yake, kushoto, kulia, kushoto. Bibi aling'oa kizibo kwa meno. Kibuyu kilichokuwa chepesi mkononi kikaanza kumvuta kiganja chini, kidogo, tena kidogo, na moshi wa kale ukatoka mdomoni mwake kabla haujarudi ndani. "Shikilia kitako," bibi alisema. "Nimeshikilia," mjukuu alijibu. "Kinazidi kuwa kizito." "Nimesema shikilia." Mfalme akaanza kugeuza bega.

Hakuna mahali palipoelezwa kwamba ndoto ina uzito, kwamba jinamizi huzidi, wala kwamba kugeuka ubavu huikata kazi. Kama msomaji alishayapata hayo mapema katika tukio dogo, tuseme bibi akimfundisha mjukuu kwa ndoto ya mbuzi, hapa anashika roho yake mwenyewe. Tukio hilo dogo la mafunzo liwe ndani ya robo ya kwanza ya hadithi, liwe la kuchekesha kama unaweza, na lionyeshe kosa moja.

Kwenye ladha ya ndoto yenyewe, anayeipokea aione kwa mwili usio wake. Mikono si yake, jina analoitwa si lake, mlango anaoujua hakuwahi kuupita. Usiiandike kama picha za kamera ya mlinzi. Ndoto inabeba hofu na tamaa za mwotaji, haibebi ushahidi. Waziri aliyeota anamchoma kisu mfalme huenda ni mwuaji, huenda ni mtu anayempenda mfalme kupita kiasi na kuogopa kumpoteza. Kadhi wa ulimwengu wako akikubali kibuyu kama shahidi, mahakama zake zitakuwa za kutisha, na hilo nalo ni wazo.

Hatua ya 8: Sokoni na kwenye daftari

Biashara ipangwe kwa ufupi, kwani ukiingia sana utaandika kitabu cha uchumi. Mambo manne yanatosha: nani anaruhusiwa kunasa, bei ya kibaba ikilinganishwa na kibaba cha mchele, ndoto ya bandia inatambulikaje, na adhabu ya kumnasa mtu bila ridhaa. Maskini watauza ndoto zao za alfajiri, matajiri watanunua za watoto na za wapenzi, na hapo tabaka za mji zitaonekana zenyewe.

Mwisho, fungua ukurasa mmoja wa daftari kwa kila kibuyu kinachotajwa. Andika ni cha nani, kimebeba ndoto ya nani, vibaba vingapi, kilizibwa lini, kina ufa au hakina, na mara ya mwisho kilikuwa mkononi mwa nani. Waandishi husahau kibuyu kilichoachwa chini ya kitanda sura ya pili. Ukikuta kwenye daftari kwamba kimepita mwaka wake huku hadithi ikiendelea, usiifute tarehe. Kimeshachacha, na yupo mtu atakayekivuta.